MAONI YETU: HELA YA UKAME NA KADI ZILIZOWEKWA REHANI



Wiki tatu hizi kila anayepita mbele ya ghala anauliza neno moja tu: "Imeingia?" Na anayeulizwa hana haja ya kuuliza ni nini hicho kilichoingia, maana kijiji kizima kinajua. Inasemwa kwamba Serikali inaleta hela ya ukame, na kwamba safari hii haitakuwa magunia ya mahindi wala bahasha ya kugawiwa mkutanoni, itapita benki moja kwa moja mpaka kwenye akaunti ya kila mwenye kaya. Wengine wametaja hata kiasi. Wengine wametaja hata siku.

Tuseme mapema, ili yule asiye na nafasi ya kusoma mpaka chini aondoke na hili: ofisi ya kijiji haijapokea barua yoyote inayosema hivyo. Wala kata haijapokea. Tumeuliza. Tathmini ya mashamba yaliyokauka iliandikwa na bwana shamba pamoja na wenyeviti wa vitongoji, ikapelekwa wilayani, na hapo ndipo ilipofika. Tathmini siyo malipo. Mtu akipimwa homa hajapewa dawa.

Hatuandiki haya ili kumkatisha mtu tamaa, hasa wakati huu ambapo tunajua nyumba zinazopika mara moja kwa siku. Tunaandika kwa sababu ya jambo tulilolikuta juma lililopita, nalo ni zito. Watu wanaweka rehani kadi zao za benki, zile zile tulizofunguliwa kwa ajili ya malipo ya ufuta. Mtu anakwenda dukani, anachukua madebe mawili ya mahindi, anaacha kadi pamoja na namba ya siri. Makubaliano ni kwamba hela ya ukame ikiingia, mwenye duka ataitoa mwenyewe, ajilipe, kisha arudishe kinachobaki. Tulipojaribu kuhesabu tulipata kadi kumi na moja mikononi mwa watu wawili. Huenda ziko nyingine. Na hela yenyewe haijatangazwa, jamani!

Sasa, ili tusibishane kwa maneno ya kijiweni, tueleze jambo hili linavyokwenda mahali ambapo kweli lipo. Maana Serikali kulipa watu wa maafa kwa njia ya benki siyo uzushi. Jirani zetu wa Kenya wanalo, na lina miaka mingi.

Upande wa kaskazini wa Kenya kuna sehemu za wafugaji, wao wanaziita kaunti: Turkana, Marsabit, Wajir na Mandera. Kule mvua ikikosa mifugo hufa kwanza, na watu hubaki hawana cha kuuza wala cha kukamua. Kwa miaka na miaka msaada wao ulikuwa chakula cha malori. Kila ukame ulianza kazi upya: kupima, kuomba, kusubiri, kugawa, na mara nyingine lori lilifika wakati mbuzi wamekwisha. Ndipo ukaanzishwa mpango wa kuwakinga na njaa kwa fedha taslimu. Malipo yalianza mwaka 2009 kwa msaada wa Uingereza na Australia, baadaye Serikali ya Kenya nayo ikatia fedha zake, na msimamizi wake ni mamlaka yao ya kukabiliana na ukame. Mwanzoni kaya ilipata shilingi 2,150 za Kenya kwa kila miezi miwili. Ilipofika mwaka 2016 ilikuwa shilingi 5,400 kwa miezi miwili, yaani 2,700 kwa mwezi. Kaya kama laki moja zilikuwa zikilipwa hivyo, mvua inyeshe isinyeshe.

Lakini la kutufaa sisi halipo kwa hizo laki moja. Lipo kwa kaya nyingine, zile zisizolipwa kila mara. Katika awamu ya pili, iliyoanza mwaka 2013, waliandikisha karibu kaya zote za kaunti zile nne, maskini na mwenye nafuu, na wengi wakafunguliwa akaunti za benki hata kama siku hiyo hawakuwa na senti ya kupokea. Watu waliona kichekesho: akaunti ya nini kwa mtu asiye na kitu? Kisha ikapangwa setilaiti itazame kutoka angani jinsi ardhi ilivyo ya kijani, na ulinganishwe mwezi huo na miezi kama hiyo ya miaka iliyopita. Kipimo kikishuka chini ya 20 huo ni ukame mkali. Kikishuka chini ya 10 umekithiri. Hapo kaya za ziada za sehemu ile huongezwa kwenye malipo, 2,700 kwa mwezi, bila mtu kuandika barua wala kupanga foleni kwa mkuu wa wilaya. Mara ya kwanza kulipa kwa kipimo hicho ilikuwa mwaka 2015.

Tazameni vizuri hapo ndugu zangu. Hela haikwenda haraka kwa sababu benki ina haraka. Benki ni benki tu. Ilikwenda haraka kwa sababu majina yaliandikwa kabla, namba za vitambulisho zililinganishwa kabla, na akaunti zilifunguliwa kabla. Ukame ulipokuja ulikuta daftari limekwisha kuandikwa.

Tusiwasifu kupita kiasi. Setilaiti inaona kijani, haiwezi kushuka chini kuuliza kama kijani hicho ni malisho au ni mathenge, ule mti wa miiba uliovamia sehemu zao ambao hubaki na majani hata nyasi zikikauka. Na aliye upande huu wa mstari analipwa, jirani yake wa upande wa pili halipwi, mbuzi wao wanakunywa kisima kimoja. Malipo nayo yamewahi kuchelewa. Tena kati ya mwisho wa mwaka 2020 na mwisho wa mwaka 2022 misimu mitano ya mvua ilikosa mfululizo. Rais wao wa wakati huo, Uhuru Kenyatta, alitangaza ukame kuwa janga la taifa tarehe 8 Septemba 2021, na mpaka unakwisha mifugo zaidi ya milioni mbili ilikuwa imekufa. Shilingi 2,700 hainunui ng'ombe. Inanunua unga, na mtoto akala leo. Ndiyo kazi yake, na siyo kazi ndogo.

Sasa tuje kwenye kadi, maana huko ndiko tulikokuwa tunaelekea.

Huko kaskazini mwa Kenya mtu hupewa kadi, na akitaka hela yake huenda kwa wakala wa benki, anaweka kidole kwenye mashine ili ijulikane ni yeye. Wakala mara nyingi ni mwenye duka. Na mwenye duka ndiye huyo huyo anayekopesha unga na sukari. Basi ikawa kawaida sehemu nyingi kwa wenye maduka kukaa na kadi za wateja wao mpaka siku ya malipo. Wako wanaosema huo ni unyonyaji, na wako wanaosema kadi ilimpa maskini heshima ya kukopeshwa ambayo hakuwa nayo. Sisi tunaona yote mawili yana ukweli. Mkopo wa dukani umeokoa nyumba nyingi, hata hapa kwetu, na hatutaki mtu aelewe kwamba tunamwita kila mwenye duka mlanguzi.

Ila kuna tofauti moja kubwa kama mbuyu. Kule hela ya kawaida ina kiasi kinachojulikana na inarudi kila miezi miwili. Mwenye duka anajua atapata nini, na mwenye kadi anajua ametoa nini. Kidole nacho kinamlazimisha mwenye kadi awepo. Hapa kwetu hakuna kiasi, hakuna siku, hakuna tangazo, na namba ya siri mtu ameiandika kwenye kipande cha karatasi akakifunga na mpira pamoja na kadi. Huko ni kuweka rehani kitu ambacho hakijazaliwa.

Na liko jambo ambalo wengi waliokopa hawakulifikiri. Akaunti ni moja. Mlango wa hela ya ukame, ikija, ndio mlango wa hela ya ufuta. Anayekaa na kadi yako na namba yako ya siri hasubiri Serikali. Anasubiri mnada wa ufuta. Siku ushirika utakapolipa, na ushirika utalipa kwa sababu ufuta mchache uliopatikana umo ghalani, yeye atafika kwa wakala kabla yako.

Tufanye hesabu ya mfano, na huu ni mfano tu. Debe la mahindi sokoni ni shilingi 15,000, kwa mkopo wa kadi ni 25,000. Madebe mawili ni 50,000, wakati mwenye hela mkononi angelipa 30,000. Tofauti ni 20,000. Hapo mtu anaweza kusema, sawa, njaa haina bei. Lakini ikiwa akaunti itaingia 180,000 ya ufuta, na mwenye kadi akapewa 100,000 akaambiwa "kulikuwa na makato ya benki", atabisha kwa ushahidi gani? Ujumbe wa simu hakuusoma, risiti hakuiona, na simu yenyewe pengine ilikuwa imezimwa kwa kukosa chaji. Elfu thelathini zimepotea na hakuna hata wa kumshitaki, kwa sababu namba ya siri alimpa kwa hiari yake.

Tutoe mfano mwingine wa mbali, Pakistani, kwa sababu wao wamepita njia hii mara mbili na mara zote mbili ilikuwa maji. Mafuriko ya mwaka 2010 Serikali yao ilitoa kadi za benki, kila kaya iliyokubaliwa ikianza na rupia 20,000. Sharti lilikuwa kitambulisho cha taifa. Sasa fikiria mtu ambaye nyumba imekwenda na maji, kitambulisho nacho kimekwenda na nyumba. Na wanawake wengi, wajane hasa, hawakuwahi kuwa nacho tangu mwanzo. Foleni zilikuwa za kutisha. Mwaka 2022 mafuriko yalikuja makubwa zaidi, watu zaidi ya 1,700 wakafa, na safari hiyo kila kaya iliyostahili ilipewa rupia 25,000. Zilipitia mpango wa kusaidia maskini uliokuwapo tangu mwaka 2008, wenye daftari la kaya tayari, na mpango huo humlipa mwanamke wa nyumba. Ilikwenda upesi zaidi. Hata hivyo malalamiko yalikuwapo kwamba mawakala wanamega kabla ya kumpa mtu hela yake, hasa mama asiyejua kusoma. Kuingia kwenye akaunti imeingia yote. Kufika mkononi imefika pungufu.

Wanaume wa hapa watusamehe kwa aside hii ndogo: hiyo ya kumlipa mama wa nyumba ifikirieni. Hatusemi zaidi.

Je, hapa Tanzania? Tuseme tunachokijua. Tunao mpango wa TASAF wa kunusuru kaya maskini, ambao baadhi ya ndugu zetu hapa wanalipwa, na miaka ya karibuni malipo yake yanapita pia kwa simu na benki. Huo ni mpango wa kaya maskini, usichanganywe na hela ya ukame. Anayelipwa TASAF mwezi huu asiambiwe kwamba "ndiyo hiyo imeanza". Kwa ukame, msaada uliozoeleka ni chakula: mahindi ya akiba ya Taifa kuuzwa kwa bei nafuu, kama ilivyofanyika mwaka 2022 na 2023 chakula kilipopanda bei. Na maafa mengine yamekuwa na njia zake. Tetemeko la Kagera la tarehe 10 Septemba 2016 lilibomoa nyumba nyingi, michango ikakusanywa, lakini Januari 2017 Rais Magufuli alikwenda kule akasema wazi kwamba Serikali haitamjengea kila mtu nyumba yake. Nguvu ikaelekezwa kwenye majengo ya umma kama shule. Hanang, tope liliposhuka Katesh tarehe 3 Desemba 2023 na kuua watu zaidi ya themanini, waathirika walijengewa nyumba mpya. Nchi ni moja, msaada ukaja kwa sura mbili. Kwa hiyo mtu akija kukuapia kwamba anajua msaada wetu utakuja kwa sura gani, muulize amepewa na nani barua hiyo.

Wapo pia wa kwenye simu. Ujumbe umezunguka hapa kijijini unaosema "umechaguliwa kupokea fedha ya maafa, tuma namba yako ya siri uthibitishe". Vijana wawili wa kitongoji cha juu walikuwa wameanza kubofya, akawazuia bibi mmoja mwanafunzi wetu wa kisomo. Aliwauliza: "Anayetaka kukupa mbuzi anakuomba funguo ya zizi la nini?" Bibi huyo alianza kujua herufi akiwa na miaka sitini na mbili. Vijana wana vyeti vya kidato cha nne.

Kisomo kwa hiyo kimebadilisha somo mwezi huu. Badala ya kuendelea na kitabu, kila Jumanne na Alhamisi jioni tunasoma ujumbe wa benki ubaoni: neno "umepokea", neno "salio", neno "makato", tarehe iko wapi, kiasi kiko wapi. Tumegundua kwamba wengi wanaojua kusoma barua hawajui kusoma ujumbe huo, maana umebanwa maneno na namba zimefuatana bila nafasi. Hata sisi tunaofundisha huwa tunaurudia mara mbili. Mwenye simu yenye ujumbe wa zamani wa malipo ya ufuta aje nayo, tutautumia kama kitabu. Namba ya siri asituonyeshe, wala asituambie, wala mwalimu asiiulize.

Majina nayo. Katika akaunti za ushirika tumekuta wanachama ambao jina la kwenye kadi ya benki na jina la kitambulisho cha Taifa hayafanani. Mmoja ni Mwanaidi huku na Mwanahidi kule. Mwingine kwenye benki ameandikwa jina la babu, kwenye kitambulisho jina la ukoo. Siku ya ufuta tulisaidiana kwa barua ya Mtendaji na mambo yakaenda, maana karani wa benki alikuwa mtu wa karibu na aliyatambua majina. Hela ya Serikali inayotumwa kwa maelfu ya watu kwa mara moja haitambui majina ya karibu. Mashine ikikuta herufi imezidi, inarudisha. Na wapo wajane wanne ambao akaunti bado ni ya marehemu. Haya ni ya kusahihishwa sasa, wakati hakuna foleni. Iwe hela ya ukame itakuja au haitakuja, ya ufuta itakuja.

Tumebakiza lile gumu. Kadi zilizoko madukani zitarudije? Kuwaambia watu "msiweke rehani" huku watoto wana njaa ni maneno ya mtu aliyeshiba. Bodi ya ushirika imekaa na serikali ya kijiji na linaletwa pendekezo hili: katika ghala letu yamo magunia ya mahindi yaliyonunuliwa kwa mfuko wa ushirika mwaka juzi kwa ajili ya kuuzwa bei ikipanda. Bei imepanda. Bodi inapendekeza yasiuzwe kwa mfanyabiashara, wakopeshwe wanachama na wasio wanachama kwa bei ya sokoni ya siku hiyo, bila nyongeza. Deni litakatwa wakati wa malipo ya ufuta au kurudishwa kwa mahindi msimu ujao. Anayedaiwa dukani kwa kadi atapewa kwanza, na wenye maduka wawili wamekubali kupokea mahindi badala ya hela na kurudisha kadi, kwa bei ya sokoni. Mmoja alikubali upesi. Mwingine ilibidi tukae naye mpaka saa mbili usiku.

Wapo wanachama wanaopinga, na hoja yao tuiandike hapa kwa haki: mahindi ni ya wanachama waliotoa hisa, faida yake ilikuwa ya kununua mizani mpya, na asiye mwanachama anakopeshwa kwa jasho la nani? Ni hoja ya kweli. Mizani yetu kila mtu anaijua ilivyo. Maoni yetu ni kwamba mizani isubiri. Kadi kumi na moja zikibaki madukani mpaka siku ya malipo ya ufuta, ushirika utakuwa umepima kilo kwa uangalifu na kulipa kwa uangalifu, kisha hela ya watu kumi na moja itaingia mikono mingine, na mwaka unaofuata watu hao hawataleta ufuta ghalani, watamuuzia mchuuzi wa njiani kwa kangomba. Hapo mizani mpya itampima nani? Hata hivyo uamuzi siyo wa gazeti hili, ni wa mkutano.

Mkutano mkuu utakuwa Jumamosi saa tatu asubuhi chini ya mwembe wa shule. Kila mwenye akaunti aje na kadi ya benki na kitambulisho cha Taifa, au namba yake kama kitambulisho chenyewe hakijatoka. Karani atakaa pembeni na daftari kulinganisha herufi kwa herufi. Wajane wanne waliotajwa waje na cheti cha kifo, na asiye na cheti aonane na Mtendaji kabla ya Ijumaa. Ambaye kadi yake iko dukani aje vilevile, bila aibu, asogee kwa mhazini akataje deni lake tu. Barua ya wilayani ikifika, iwe ya heri au ya shari, itabandikwa hapa hapa ubaoni yenyewe kama ilivyo, na mhuri wake.